Marekebisho Madogo ya Maandishi

Sogea karibu kidogo, wewe unayenisikiliza, maana jambo hili nimelisema kwa sauti mara mbili tu na sitaki kulipigia kelele. Kama hujui lolote kuhusu kompyuta, usiogope. Nitakueleza taratibu kila unachohitaji kujua, na si kingi. Kueleza ndiyo kazi yangu siku hizi. Nawafundisha vijana hapa Dodoma namna ya kutengeneza programu zinazotumia akili mnemba, nao huambizana kwamba kwa mwalimu Tabitha hakuna swali la kijinga. Wakinisifu hivyo natabasamu na kuendelea kufuta ubao. Hawajui kwamba kosa kubwa kuliko yote niliyowahi kufanya nililifanya nikiwa naeleza vizuri.

Mwezi uliopita nilikwenda Chemba kwenye arobaini ya Mzee Ramadhani, baba yake Halima. Halima na mimi tuliishi chumba kimoja kwa mwaka mzima baada ya kumaliza chuo, na huo ndio mwaka ninaotaka kukusimulia. Nilipoingia uani kwao nilikuta wanawake wamekaa kwenye mikeka wanachambua mchele. Mama Halima aliinuka, akanishika mikono yote miwili, akawageukia wenzake. "Huyu ndiye Tabitha," akasema. "Yeye na Halima ndio waliompa mzee simu inayojibu." Wanawake wakaitikia, mmoja akanisogezea kigoda. Kisha Mama Halima akaongeza, akicheka kidogo, kama mtu anavyocheka kasoro ya mwili aliyoizoea: "Mzee aliipenda sana. Mimi ndiye sikuielewa. Mimi nikaua mbuzi." Mwanamke mwenye kigoda akasema, "Aa, Mama Halima, ya zamani hayo," na mchele ukaendelea kupepetwa. Mimi nilikaa na beseni la mchele mapajani, nikachambua mchele ambao ulikuwa umeshachambuliwa.

Chumba chetu kilikuwa Ng'ong'ona, cha tatu kutoka getini, katika nyumba ya mama mmoja tuliyemwita Mama Chilewa. Kilikuwa na kitanda kimoja, meza moja, kompyuta moja, na madumu manne ya maji yaliyopangwa ukutani kama wageni waliokosa viti. Dirisha lilitazama kiwanja kitupu, na kuanzia mwezi wa sita upepo ulileta vumbi lililopenya hata pale tulipoziba kwa magazeti. Asubuhi tulifuta meza, mchana tukaandika majina yetu juu yake kwa kidole. Tulikula ugali wa mtama na mlenda siku nyingi kuliko tulivyowaambia nyumbani. Ukuta uliotutenga na Mama Chilewa ulikuwa mwembamba, tukajua mambo yake yote, hasa simu alizopiga Bunge lilipokaribia kuanza. "Vyumba vimejaa," alimwambia mtu, "ila ninao watoto wawili wa kompyuta, hao nikiwaambia walale jikoni watalala, mradi kuna soketi." Halima akajifunika kitenge mdomoni asicheke. Na kweli, tulipotoka uani Mama Chilewa akatuuliza, "Hiyo mashine yenu inajua mvua itanyesha lini?"

"Bado, mama."

"Basi bado haijasoma. Iendelee."

Tulikuwa tunasubiri ajira, na katika kusubiri tukaamua kuchangia kwenye mkusanyo wa mifano. Huu nao nikueleze. Fikiria daftari moja kubwa la mapishi lililoachwa mezani, mahali ambapo dunia nzima inapita. Anayejua pishi anaongeza ukurasa wake. Anayepita ananakili ukurasa anaoutaka, anaondoka nao, anapika kwake, akitaka anaongeza chumvi. Hakuna anayelipishwa wala anayeombwa ruhusa. Mkusanyo wetu ulikuwa hivyo, ila badala ya mapishi kulikuwa na mifano midogo ya programu za akili mnemba: mmoja unajibu maswali ya wanafunzi, mwingine unafupisha barua, mwingine unasoma risiti. Kila mfano ulikaa kwenye folda yake, pamoja na faili la maelezo la kusomwa kwanza. Wasimamizi walikuwa watu wa mbali ambao hatukuwahi kuwaona. Ukiwatumia kazi, waliikagua, na ikifaa waliiingiza. Katika lugha yetu hapakuwa na mfano hata mmoja. Halima ndiye aliyeona pengo hilo. "Tuweke wa wafugaji," alisema. "Mtu anauliza kwa sauti, simu inajibu kwa sauti. Baba yangu hawezi kusoma karatasi ya dawa bila miwani, na miwani yenyewe kaivunja."

Tuligawana kazi. Mimi niliandika programu na zile karatasi za maarifa ambazo programu ingezitegemea. Maana programu ya aina hii, ikitengenezwa vizuri, haijitungii majibu, inatafuta kwenye karatasi ulizoipa kisha inasema kilichoandikwa humo. Halima alikusanya maswali. Alikwenda minadani na daftari la mistari, akapiga simu kwao, akaandika watu wanavyouliza hasa. Hawakuuliza kama vitabu vinavyodhani wanauliza. Waliuliza, "Mbuzi wangu mkia umelowa, nimfanyeje?" Waliuliza, "Dawa ya minyoo nimnyweshe aliyezaa juzi?" Na swali moja lilijirudia ukurasa baada ya ukurasa hadi Halima akaanza kuliwekea alama ya nyota tu bila kuliandika tena: "Hiyo mililita ni vizibo vingapi?" Kwa sababu huko hakuna anayepima dawa kwa mililita. Unafungua chupa, unajaza kizibo chake, unammiminia mbuzi mdomoni. Kizibo kiko pale pale, hakipotei, hakihitaji miwani.

Swali hilo lilinifurahisha kuliko yote, na nataka unielewe hapa, maana kosa langu lilianzia kwenye furaha. Niliona nafasi ya kuwa mwelezaji mzuri. Mchana mmoja wa jua kali nilinunua chupa ndogo ya dawa ya minyoo, nikaazima bomba la sindano lisilo na sindano, nikajaza maji kwenye kizibo tone kwa tone, Halima akiwa amejilaza kitandani na daftari lake kifuani. Kizibo kilijaa kwa mililita tano. Nilipima mara tatu, kwa uangalifu ambao bado naukumbuka kwa aibu. Kisha nikafungua karatasi ya dawa ya minyoo, nikafuta mililita zote, nikaandika: mbuzi mzima kizibo kimoja, mbuzi mdogo nusu kizibo. Nikamsomea.

"Inasikika kama mtu," Halima akasema. "Ila mililita uziache, Tabi. Weka vyote viwili."

"Vyote viwili vitawachanganya. Mtu akisikia namba mbili anachukua anayoipenda."

"Mama yangu hachanganyikiwi na namba."

"Mama yako sawa. Fikiria na wengine."

Alinitazama kidogo, kisha akarudi kwenye daftari. Ilikuwa kompyuta yangu, na mimi ndiye niliyekuwa nimekaa kwenye kiti. Wiki mbili baadaye wasimamizi waliupokea mfano wetu. Walituomba tubadilishe majina ya mafaili mawili, wakathibitisha kwamba programu inawaka, wakatushukuru kwa maneno mazuri. Hakuna hata mmoja wao aliyejua Kiswahili. Kwa hiyo karatasi ile, yenye kizibo ndani yake, ilisomwa na watu wawili tu katika dunia nzima kabla ya kuingia: mimi niliyeipenda, na Halima niliyemnyamazisha. Tulisherehekea kwa sahani moja ya chipsi mayai na zabibu kichala kimoja, na Mama Chilewa akaomba aonyeshwe huko kwenye kompyuta "mahali mlipoandikwa". Tulimwonyesha. Akagusa kioo kwa kidole, kwenye jina langu, kisha la Halima, akasema, "Haya. Sasa mmeonekana."

Halima alikwenda kwao kwa sikukuu ya Idi, akaweka msaidizi wetu kwenye simu ya baba yake, kama alivyokuwa kwenye simu zetu, akisoma karatasi moja kwa moja kutoka kwenye folda yetu. Alirudi na chupa ya asali, mfuko wa ufuta, na hadithi zilizotufanya tuchelewe kupika. Mzee Ramadhani aliiuliza simu kila kitu. Aliiuliza kuhusu kupe, kuhusu kwato, kuhusu dume lisilopanda. Siku ya tatu aliiuliza, mbele ya wageni, kama imeolewa. "Ikasema haina taarifa hiyo," Halima akasimulia, akifuta machozi ya kicheko. "Baba akasema, basi ina adabu, watu wengi wangedanganya." Mama yake hakucheza nayo hivyo. Kwake Kiswahili ni lugha ya pili, ya sokoni na zahanati; nyumbani kwao wanaongea Kisandawe, chenye sauti zile zinazogongwa kwa ulimi ambazo Halima alishindwa kunifundisha hata moja. Mama akiiuliza simu kitu, aliiuliza mara mbili, akasikiliza mara mbili, kisha akafanya sawasawa na ilivyosema. Kumbuka hilo. Mtu mwangalifu kuliko wote waliowahi kuutumia mfano wetu alikuwa yeye.

Mwezi wa saba, asubuhi ya baridi na upepo, Halima alikuwa anaanika nguo uani simu yake ilipoita. Mimi nilikuwa ndani, mlango wazi. Nilimsikia akiongea Kisandawe haraka, kisha akabadilisha kwenda Kiswahili, kama wafanyavyo wanapozungumza mambo ya hesabu. "Wangapi? Wote wa zizi la nyuma?" Akaacha kuanika. "Kumi na mmoja?" Aliingia na nguo mbichi mkononi, akakaa kitandani nayo. Siku iliyotangulia mama yake alikuwa peke yake nyumbani. Baba yake, na Shabani, kaka wa Halima, walikuwa mnadani. Mama aliwanywesha mbuzi dawa ya minyoo. Waliporudi jioni walikuta wengine wanatetemeka, midomo ina povu, wengine wameshalala. Kumi na mmoja walikufa, na ndio walikuwa mbuzi wa mahari ya Shabani. "Mama kazidisha dawa," Halima alisema. "Sijui alipimaje. Baba hasemi kitu. Shabani ndiye anasema." Alifunga begi, akaondoka na basi la mchana.

Nilibaki na ile chupa ndogo juu ya meza, na kizibo chake. Sikuwa najua bado. Nilikuwa nahisi tu, kama unavyohisi umeacha jiko linawaka. Nilikwenda kwenye duka moja la dawa za mifugo mjini, nikamwonyesha muuzaji chupa yangu, nikamuuliza kama huko Chemba wanatumia hii.

"Hiyo ni ya mwenye mbuzi wawili," akasema. "Huko wanachukua ya lita." Akaishusha kutoka rafuni.

"Naomba nione kizibo."

"Kizibo?" Alicheka. "Dada, una mbuzi wangapi?"

"Sina mbuzi."

"Sasa kizibo cha nini?" Lakini alikifungua akanipa. Nilitoa kizibo changu mfukoni nikakiweka ndani yake. Kilizama, na nafasi ikabaki pande zote. Dawa ile ile, rangi ile ile, jina lile lile kwenye chupa. Muuzaji aliacha kucheka, akaniuliza kama naumwa.

Mashine haikukosea, nakuomba ulishike hilo, kwa sababu siku hizi watu hupenda kuitupia lawama. Ilisema kwa uaminifu kabisa neno nililoliandika mimi. Na kosa lenyewe, la kizibo, pengine ningeweza kujisamehe. Nilikuwa kijana wa mjini niliyedhani vizibo vyote ni ndugu. Kinachonikosesha amani ni saa moja iliyofuata. Nilirudi chumbani, nikafungua karatasi ile, nikafuta vizibo, nikarudisha mililita. Sasa, katika mkusanyo kama ule, huwezi kubadilisha kitu kimyakimya. Kila badiliko linaandikwa jina la aliyelifanya, siku, na maelezo mafupi ya kwa nini. Maelezo hayo si mapambo. Watu waliokwisha kunakili mfano wako hawalipati badiliko lako moja kwa moja. Wanapita, wanasoma maelezo, wanaamua kama kuna haja ya kuchukua upya. Wakati ule wetu ulikuwa umenakiliwa na watu tisa. Niliandika: "Kipimo cha dawa kilikuwa hatari. Aliyenakili aache kutumia." Nikaisoma. Wiki hiyo nilikuwa nimeitwa kwenye usaili wa kazi, na barua ya kuniita ilisema wazi kwamba wameuona mfano wetu na wataupitia. Niliwaona wakisoma sentensi ile. Nikaifuta. Nikaandika maneno manne: Marekebisho madogo ya maandishi. Nikatuma.

Halima alirudi baada ya siku tisa, amekonda. Hakuuliza siku ya kwanza. Siku ya pili, tukiwa tunakula, aliuliza bila kuinua uso: "Tabi, ile karatasi ya minyoo. Mwishowe ilisema kizibo?"

"Hapana," nikasema. "Nilikusikiliza. Nilirudisha mililita kabla hatujatuma. Si uliniambia?"

Nilimfungulia kompyuta, akaona mililita; historia ya mabadiliko hakuiomba. Alichukua simu yake akaiuliza kwa sauti, kama mfugaji, nayo ikajibu mililita, kwa ile sauti yake ya adabu. Halima aliweka kijiko chini. "Basi ni mama," akasema. "Masikini mama yangu. Anaapa ilisema kizibo kimoja. Anaapa kwa Mungu. Shabani anamwambia simu haisahau, anayesahau ni yeye." Na mimi, mwelezaji mzuri, nikaongeza maelezo: "Kiswahili cha simu kinakwenda haraka. Inawezekana hakusikia vizuri." Halima akatikisa kichwa kukubali. Alimaliza chakula chake akaosha na sahani yangu.

Kazi niliipata. Mwezi wa kumi na mbili nilikuwa na meza ofisini, na Halima naye alikuwa amepata nafasi Mvumi, kwa hiyo tulikuwa tunaachana. Kabla ya kuachana alinipeleka kwao kwa siku mbili. Jioni ya kwanza tulikaa wote uani tukila, na wanaume walikuwa wakitaniana kwa Kisandawe. Sikuelewa chochote, nilitabasamu tu kama mgeni anavyotabasamu. Kisha katikati ya sentensi moja ya Shabani nikasikia neno moja la Kiswahili, limesimama peke yake kati ya sauti zilizogongwa: kizibo. Wote wakacheka, hata watoto. Mama Halima aliinamia sufuria akaendelea kukomba ukoko. "Wamesema nini?" nilimuuliza Halima. "Aa, utani wao tu," akajibu. Asubuhi nilimwona Shabani akiwanywesha mbuzi dawa. Mama yake alikuwa anawashika mbuzi miguu. Hakuigusa chupa. Nilijua nilichokuwa nakitazama, na nilikunywa uji wangu wa uwele ulioungwa asali, nikasifu asali.

Huo ndio ulikuwa mwaka wangu. Tangu hapo nimekuwa mwangalifu sana, na watu wanadhani uangalifu huo ni kipaji. Wanafunzi wangu nawakataza kutaja kipimo bila kutaja chombo chake. Nawaambia wamsikilize mwenzao anaposema "weka vyote viwili". Nilidhani nikifundisha watu wa kutosha, siku moja nitakuwa nimelipia. Hadi nilipokaa na beseni la mchele mapajani nikamsikia mwanamke wa miaka sitini na zaidi akijitambulisha mbele ya wageni kwa kosa langu.

Nilimfuata jikoni. Alikuwa peke yake, anafunika sufuria ya pilau kwa sinia na kupanga makaa juu yake. Nilimwambia yote, kuanzia chupa ndogo hadi yale maneno manne. Nilitumia Kiswahili cha polepole, nikajisikia nikianza kueleza, nikanyamaza. Aliweka kaa la mwisho kwa koleo.

"Ilisema kizibo kimoja," akasema.

"Ndiyo, mama."

"Niliisikiliza mara mbili."

"Ndiyo, mama. Ulisikia sawa."

"Mzee amekufa anajua nilikosea." Hakusema kwa hasira. Alikuwa anapanga jambo mahali pake. Nilianza kuomba msamaha, akainua koleo kunizuia. "Mimi nilijua nilichosikia. Miaka yote nilijua. Kuniambia mimi hakunisaidii, mwanangu. Waambie waliocheka."

Baada ya dua na chakula, wageni walipoondoka, jua likiwa bado juu, Halima aliwakusanya watu wa nyumbani bila kujua anawakusanyia nini. Nilisimama. Shabani alikuwa amekaa kwenye kiti cha baba yake, mkewe pembeni. Mahari ilipatikana mwishowe, baada ya mwaka na nusu. Niliwaambia. Nilipomaliza, Shabani alimtazama mama yake, akasema kitu kifupi kwa Kisandawe. Mama akamjibu kwa Kiswahili, nadhani ili nami nisikie: "Kesho unipe bomba la kupimia dawa. Mbuzi nitawanywesha mimi." Shabani akasema, "Sawa, mama," akashuka kwenye kiti, akakaa mkekani.

Halima hakusema nami jioni ile. Asubuhi alinisindikiza hadi kituo cha basi, amebeba begi langu, maana adabu ya kwao haiachi mgeni abebe. Basi lilipokuja ndipo aliponitazama. "Kizibo ningekusamehe siku ile ile," akasema. "Ila ulichukua neno langu. Mimi ndiye niliyesema uziache mililita. Ukalitumia neno langu kumfanya mama yangu mwongo, na mimi nikakusaidia." Alinipa begi. Hajanipigia tangu siku hiyo. Mimi humtumia salamu kila Ijumaa, naye huzisoma.

Nilipofika Dodoma nilifungua ule mkusanyo. Mfano wetu bado upo. Niliandika badiliko jipya, na kwenye maelezo niliandika kwamba toleo la kwanza liliua mbuzi kumi na mmoja katika nyumba moja, kwamba kosa lilikuwa langu, kwamba Halima alinionya, kwamba mwanamke aliyepima alipima sawasawa na alivyoambiwa, na kwamba kila aliyenakili achukue upya leo. Kisha niliwaandikia wale tisa, mmoja mmoja. Wanne wamejibu. Mmoja anasema nakala yake imekuwa ikitumika muda wote huu, na atawauliza wanaoitumia kama mifugo yao ilidhurika. Nasubiri. Mstari wangu wa zamani siwezi kuufuta. Uko pale pale chini ya huu mpya, na jina langu, na tarehe.

Basi nawe, kabla hujalala leo, fungua historia ya kazi zako, popote unapoziweka. Tafuta neno "madogo". Fungua kila badiliko ulilolipa jina hilo, uangalie ni nini hasa ulichokibadilisha. Ukikuta ambalo halikuwa dogo, andika jipya juu yake: kilichokuwa kimekosewa, anayeweza kudhurika, na afanye nini sasa. Anza na la zamani kuliko yote.